Mstari wa Usalama

Jumatatu, 4 Machi

Barua nyingine kutoka kwa wakopeshaji. Ya nne. Hii ina mhuri mwekundu. Nimeisoma nikiwa nimesimama, nikaisoma tena nimekaa. Ni ileile. Sijalipa miezi mitano, wanadai. Basi na wadai.

Siogopi. Nimechoka tu.

Mkataba wangu wa mkopo una kifungu cha kumi na tisa: ugomvi wowote utaamuliwa na msuluhishi, si mahakama. Siku ya kusaini, afisa wao wa mikopo aliniuliza kama nimekielewa. Ni kijana mwembamba, miwani inamteleza puani kila akiinama, kwa hiyo namwita Miwani. Nikamwambia sijakielewa tu, nimekipenda. Nilikuwa na hesabu zangu. Msuluhishi lazima tumchague pamoja. Kumchagua kunachukua miezi. Mahakama haina mkono. Hapo katikati mtu unapumua.

Dhamana ni mashine yangu ya kuchapia. Tunaiita Bibi, maana hukohoa kabla ya kuamka. Bibi ndiye duka, ndiye chakula, ndiye ada ya shule ya watoto wangu pacha. Bila Bibi nina chumba chenye kaunta.

Shajara hii nayo ni kazi ya Bibi. Zilibaki katoni nzima bila mnunuzi. Kila ukurasa una mstari mwembamba upande wa kushoto, upana wa dole gumba kutoka ukingoni. Mei mwaka jana nilikuwa namsafisha mwenyewe, kuokoa muda wa fundi, funguo zikaniponyoka mfukoni zikakwaruza roli ya wino, na mstari ukaanza. Roli mpya bei yake haitajiki. Nikakaa, nikafikiri, nikawaandikia wateja wote barua: kuanzia mwezi huu kazi zetu zote zina mstari wa usalama, kuzuia kughushi. Wateja wawili walinipongeza. Mmoja aliomba wake uwe mnene zaidi.

Akili ninazo. Nguvu ndiyo sina.


Alhamisi, 7 Machi

Maafa!

Saa nne asubuhi kaja mtu wa mahakama, viatu vimejaa vumbi, akaomba maji kwanza. Mke wangu akamtolea ya baridi kwenye friza lake (anauza barafu na juisi mlangoni petu). Mtu akanywa, akashukuru, akaomba ya pili, akanywa, ndipo akanipa karatasi. Kwa upole kabisa! Nilisaini kupokea nikidhani ni mteja.

Amri ya muda ya mahakama. Nisiuze mashine. Nisiiweke rehani. Nisiihamishe ilipo. Na ndani ya siku saba niape kwa maandishi, nitaje mali zangu zote.

Nikapanda ngazi hadi kwa wakili wangu, ofisi iko juu ya kinyozi. Nikamwekea mezani kifungu cha kumi na tisa. Akakisoma taratibu kama anasoma barua ya mchumba. Akasema kifungu kizuri sana. Msuluhishi ndiye atakayeamua nani anamdai nani. Lakini mpaka apatikane, mahakama inaruhusiwa kulinda mali isije ikayeyuka. Haihukumu, inashika tu. Nikamuuliza mbona siku ya kusaini mkopo hakuniambia. Akasema sikuuliza, nilikuja nimefurahi.

Jioni Miwani akapita dukani mwenyewe. Hakukaa. Alisema hawana haja ya kumchukua Bibi. Wanachotaka akae palepale, afanye kazi, nami nilipe kidogokidogo huku tukimsubiri msuluhishi. Nikamjibu kwa ukali kwamba tutakutana huko huko kwa msuluhishi. Akasema ndiyo, hilo ndilo wanaloliomba. Sikupenda alivyokubali haraka.


Jumamosi, 9 Machi

Mpango wa kwanza: kuchelewesha.

Wameleta majina matatu ya wasuluhishi. Wa kwanza mhasibu mstaafu. Nimemkataa, wahasibu wanajua kuhesabu. Wa pili mwalimu wa sheria. Nimemkataa, atatufundisha. Wa tatu mama mmoja aliyekuwa jaji. Mke wangu kasema huyo anasifika mji mzima kwa kutenda haki. Nimemkataa kwa sababu hiyohiyo.

Nikarudi nyumbani nikiwa mwepesi. Nikala vizuri.

Saa tisa wakili akapiga simu. Aliuliza kama nimeisoma amri hadi mwisho. Nani anasoma amri hadi mwisho? Akanisomea: itaendelea kunibana mpaka msuluhishi aanze kazi na kusema vinginevyo. Yaani kila jina ninalolikataa, najiongezea siku za kubanwa. Nimejifungia ndani na ufunguo nimeurusha dirishani mwenyewe.

Nimelala mchana wote uliobaki.


Jumatatu, 11 Machi

Usingizi una faida. Nimeamka na mpango wa pili, na huu ni wa kiume.

Amri inanikataza kuuza mashine yangu. Haisemi kitu kuhusu mashine niliyokwisha kuiuza zamani! Kwa nini nisiwe nimeiuza? Shemeji yangu, kaka wa mke wangu, anauza magodoro mtaa wa pili na ana ghala kubwa. Nimemuuzia yeye. Tarehe 14 Machi, mwaka juzi. Imeshapita, hakuna wa kuizuia.

Nikatunga mkataba wa mauziano, kurasa mbili, lugha nzito. Nikamwomba fundi auchape vizuri. Fundi huyu yupo na Bibi miaka kumi na minne, anamjua kwa kikohozi. Aliusoma mara moja, akaniangalia, akaniambia, “Bosi, hii karatasi mimi siipendi.” Nikamwambia hakuajiriwa kupenda karatasi. Akauchapa. Akaninyooshea akiwa ameushika kwa ncha za vidole, kama mtu anayetoa mende kwenye sukari.

Shemeji hakusaini bure. Alitaka vitabu mia tano vya risiti na kalenda ya ukutani yenye picha yake akiwa amelala kwenye godoro. Nikakubali. Akasaini huku akicheka. Akauliza kama kweli sasa mashine ni yake. Nikamwambia kwa karatasi tu, shemeji. Akasema sawa, kwa karatasi tu.

Karatasi ilikuwa mpya mno. Nikaipaka chai, nikaianika juani. Imezeeka vizuri kunishinda mimi.


Jumatano, 13 Machi

Kiapo. Ndiyo kazi iliyonitoa jasho kuliko zote, maana nilitakiwa kutaja mali na mali nimeiuza.

Niliandika: feni moja. Viti viwili, kimoja mguu mbovu. Kaunta. Saa ya ukutani isiyokwenda. Nikaiona orodha imekonda. Jaji akiiona atasema huyu anaficha. Kwa hiyo, ili nionekane mkweli, nikaongeza friza.

Wakili aliuliza mara mbili kama hayo yote ni kweli tupu. Nikamwambia ni kweli iliyopangwa. Akasema basi nisaini mimi, kiapo ni changu, yeye ana watoto. Nikainua mkono, nikaapa. Mkono ulikuwa mzito, nimebeba matatizo mengi wiki hii.

Jioni mke wangu akaikuta nakala juu ya meza. Alisoma huku anakoroga chai. Akaacha kukoroga. Akaniuliza friza hili ni la nani. Nikamwambia la nyumbani. Akaniuliza nani aliyelinunua kwa pesa ya kikundi chake cha akina mama, kidogo kidogo, miaka miwili. Nikasema mbele ya sheria mume na mke ni kitu kimoja. Akasema kama ni kitu kimoja, mbona Bibi hayumo kwenye orodha?

Nilijitia kutafuta miwani. Sivai miwani.


Ijumaa, 15 Machi

Bibi kahama.

Mtu mwingine angehamisha usiku. Mimi nimehamisha saa saba mchana, mchana kweupe, watu wakiwa wanakula. Anayeficha haendi mbele za watu! Vibarua sita, mkokoteni mmoja, turubai. Fundi alitembea pembeni njia nzima, mkono juu ya turubai, akiwaambia wapunguze kwenye mashimo. Nilipomwambia ni kwa faida yetu sote, alisema, “Haya, Bosi.” Neno hilo lilinichosha kuliko mkokoteni.

Sasa Bibi yuko nyuma ya magodoro thelathini katika ghala la shemeji. Huwezi kumwona. Nimejaribu kupita mara tatu kama mteja. Mara ya tatu muuzaji akanionyesha la futi sita, nikajilaza kidogo kulijaribu. Nimezinduka saa kumi na moja.


Jumanne, 19 Machi

Siamini macho yangu.

Nimepita kwa shemeji kumwangalia Bibi. Nje pametundikwa kibao kipya, rangi haijakauka: MAGODORO BORA NA UCHAPAJI WA KISASA. Ndani magodoro yamesogezwa ukutani. Bibi yuko katikati, anakohoa, anatoa mitihani ya shule. Shule yangu! Wateja wangu wa miaka tisa! Fundi yuko pale na koti lake la kazi. Kasema shule ilihitaji mitihani kesho, na mtoto hawezi kuambiwa mtihani umefichwa nyuma ya godoro.

Shemeji nilimkuta anahesabu karatasi, kalamu sikioni. Nikamvuta pembeni, nikamwambia tulikubaliana ni kwa karatasi tu. Akasema ndiyo, na karatasi anayo. Akaitoa mfukoni, ileile ya chai, akanisomea kifungu cha tatu kwa sauti: muuzaji ameachia haki zote milele. Milele nililiongeza mimi. Lilikuwa linapendeza pale.

Nikamtishia kumshtaki. Akaniuliza nitamwambia nini jaji.

Nikamtafuta mke wangu amseme kaka yake. Alisikiliza mpaka mwisho, akasema yeye ni friza tu, friza haliongei. Akarudi kwenye barafu zake.

Kibao kinasomeka tokea kituo cha basi. Na tokea ofisi ya Miwani pia. Nimesimama mlangoni kwao kuhakikisha.


Alhamisi, 21 Machi

Mahakamani. Nitaandika upesi kabla hasira haijaisha, ikiisha nitabaki na aibu.

Chumba kidogo, feni inalalamika, jaji mama mtu mzima mwenye sauti ya chini. Wakili wa wakopeshaji alisema mashine imehamishwa kinyume cha amri. Wakili wangu akasimama, akasema mteja wake anasema (alikazia hapo, “anasema”) kwamba mashine si yake tangu mwaka juzi. Akatoa mkataba. Nilikaa wima. Ilikuwa dakika yangu.

Jaji akausoma. Akaniuliza niliuza lini. Machi mwaka juzi, Mheshimiwa. Na mkopo nilichukua lini? Novemba mwaka juzi, Mheshimiwa. Kisha akaniuliza, Novemba niliweka dhamana kitu cha mtu mwingine?

Hilo sikuwa nimeliwaza. Wallahi sikuwa nimeliwaza. Ama nimedanganya mahakama sasa, ama niliwadanganya wakopeshaji wakati ule, nichague. Nikamwangalia wakili wangu. Alikuwa anaangalia feni.

Nikasema nilisahau kwamba nimeiuza. Watu wa nyuma wakacheka.

Ndipo Miwani akainuka, miwani puani, akamnong'oneza wakili wao. Wakaomba kuonyesha karatasi mbili. Ya kwanza, mkataba wa mauziano wa mwaka juzi. Kwenye ukurasa wa kwanza, upande wa kushoto, dole gumba moja kutoka ukingoni, mstari. Ukurasa wa pili, mstari. Ya pili ilikuwa barua niliyowaandikia mimi mwenyewe, maana nao nawachapia fomu, Mei mwaka jana, kwa saini yangu na mbwembwe zangu zote: kuanzia mwezi huu kazi zetu zote zina mstari wa usalama, kuzuia kughushi.

Kuzuia kughushi! Na umezuia!

Jaji aliziweka karatasi mbili pamoja, akazinyanyua kwenye mwanga wa dirisha. Mistari ikalingana. Akaniuliza kama nina la kusema. Nikasema huo mstari huwa unakuja na kuondoka. Fundi alikuwa amekaa benchi la mwisho. Akaulizwa. Akasimama, akavua kofia, akasema mstari uliingia siku Bosi alipodondosha funguo, na haujawahi kuondoka hata siku moja, na kwamba anaomba radhi kwa Bosi. Aliniomba radhi mimi!

Shemeji akajitokeza mwenyewe bila kuitwa. Akasema yeye ni muuza magodoro, alisaini akidhani ni oda ya kalenda.

Amri mpya: Bibi achukuliwe na akabidhiwe kwa mtunza mali wa mahakama mpaka msuluhishi aamue. Vitu vingine nilivyoapa ni vyangu, viandikwe na kuzuiwa. Msuluhishi ateuliwe leo leo, yule mama jaji mstaafu niliyemkataa. Nami Jumatatu nirudi kueleza kwa nini nisiadhibiwe kwa kuidharau mahakama.

Kwenye ngazi Miwani akanifikia. Alidhani nitampiga, alisimama mbali kidogo. Akasema walichoomba tangu mwanzo kilikuwa mashine ikae dukani kwangu ikifanya kazi. Akasema pole. Nimekasirika kwamba ilisikika kama pole ya kweli.


Ijumaa, 22 Machi

Walikuja saa tatu. Mtunza mali wa mahakama ni bwana mnene mwenye daftari na gundi. Kwanza ghalani kwa shemeji. Fundi aliomba dakika kumi. Alimfuta Bibi vumbi la magodoro, akamtia mafuta sehemu anazozijua yeye, akakaza nati moja. Kisha akarudi nyuma. Wakabandika karatasi ya mahakama juu ya roli. Shemeji aliangalia kibao chake muda mrefu.

Halafu wakaja nyumbani na orodha yangu. Feni. Viti, na ule mguu mbovu wakauandika. Saa isiyokwenda. Wakafika kwenye friza.

Mke wangu alikuwa amelishikilia mlango kwa mkono mmoja. Ndani mlikuwa na barafu za harusi ya kesho, alishalipwa. Mtunza mali akamwonyesha kiapo changu, saini yangu chini. Aliitazama saini. Hakupiga kelele. Afadhali angepiga. Aliwaomba wangoje, akaanza kutoa barafu moja moja na kuziweka kwenye beseni, juani, wakati pacha wanamsaidia. Nikasogea nisaidie, akanihamishia beseni upande wa pili.

Nimekaa dukani. Pale Bibi alipokuwa kuna doa la mafuta sakafuni. Naona haya kuandika hili, lakini nimelia kidogo. Kisha nikatazama kama kuna aliyeniona. Hakuna.


Jumanne, 26 Machi

Jana jaji alinionya, akanitoza faini ndogo kwa sababu niliomba msamaha kwa sauti ya kueleweka. Kweli nilikuwa nimechoka, haikuwa maigizo.

Wakati mimi nikiomba msamaha, mke wangu alikuwa chumba cha pili na bahasha ya risiti zake. Kila malipo ya friza, jina lake, tarehe zake halisi, mpaka sahihi ya mweka hazina wa kikundi. Friza limerudi kabla ya saa sita. Alilisindikiza mwenyewe kwenye gari.

Hakuishia hapo. Alimwuliza mtunza mali kama mashine ikikaa bila kazi haitaoza. Bwana akasema kuoza itaoza. Akamwuliza kama haiwezi kufanya kazi chini ya ulinzi wake, pesa ziende kwenye akaunti ya kesi. Bwana akaenda kuuliza. Msuluhishi yule mama akakubali, wakopeshaji wakakubali, Miwani akaandika mapendekezo usiku ule ule. Bibi anarudi dukani kesho! Duka letu! Fundi ataendesha. Mke wangu atasimamia na kutia saini. Mimi nimetajwa pia, kwa jina kamili: nisiguse mashine, nisikaribie mashine, nisisafishe mashine.

Nisisafishe! Huyo ni fundi kawaambia.

Na kuna karatasi ya mwisho. Mke wangu ameniwekea mezani na kalamu juu yake. Wakopeshaji wanakubali nilipe kwa miaka mitatu na Bibi awe wangu tena, mkononi mwangu, kwa sharti moja: nikiri mbele ya msuluhishi kwamba mauziano hayakuwapo. Nisaini kabla ya Ijumaa. Aliniambia ameongea na fundi, na kikundi, na kaka yake ambaye atarudisha pesa za mitihani. Akaniambia, “Baba Pacha, saini tu. Mara hii moja usifikiri.”

Nimemwambia nitasaini. Aliniangalia. Kisha akaniletea juisi, ya kwanza baada ya wiki mbili. Nikainywa yote.


Alhamisi, 28 Machi

Bibi yuko dukani, namsikia akikohoa upande wa pili wa ukuta. Sauti tamu! Mimi niko stoo. Nimeruhusiwa stoo. Natafuta kalamu nisaini, maana ile ya mke wangu ina wino mzito sana kwa jambo zito kama hili.

Mwishoni mwa rafu, chini ya turubai, nimekuta katoni. Nimeifungua. Shajara! Siyo hizi. Za mwaka juzi, zilizobaki, hazijaguswa. Bibi alizitoa kabla ya funguo. Nimefungua moja kwenye mwanga. Nimefungua nyingine. Ukurasa kwa ukurasa, kushoto, dole gumba kutoka ukingoni.

Hakuna mstari!

Nimekaa juu ya katoni. Moyo unanienda mbio, sijausikia hivi kwa miezi mingi. Kilichoniponza ni karatasi, si wazo. Wazo lilikuwa zuri. Msuluhishi ni mama wa haki, na mtu wa haki akiona shajara ya kweli ya mwaka ule ule, tarehe ziko juu zimechapwa, hakuna mstari, atasema nini? Mtu hawezi kuidanganya shajara yake mwenyewe.

Mke wangu ameita kutoka dukani kama nimeshasaini. Nimemjibu namalizia.

Kalamu nimeipata. Nimefungua ile shajara kwenye Jumatatu, 14 Machi. Ukurasa safi kabisa, mweupe. Nimevuta pumzi, nimeandika kwa mwandiko wa zamani kidogo, uliotulia:

“Leo, miaka miwili iliyopita, nimemuuzia shemeji mashine.”